Bwawa la Papa Karimu, Ghorofa ya Pili

Mheshimiwa Mwenyekiti wa hafla hii, ambaye kwa bahati nzuri ni mimi mwenyewe. Waheshimiwa Makamu Wenyeviti wote, waliopo na walioko kazini. Mheshimiwa Mwakilishi wa Meya, ambaye kiti chake mnakiona hapa mbele na ambaye moyo wake, nina hakika, uko pamoja nasi. Waheshimiwa mashehe na wachungaji. Kina papa, kina maman na kina tonton, yaani baba zetu, mama zetu na ami zetu. Wadau wa sekta ya maji na wadau wa sekta ya taulo. Watanzania wetu wawili waliokuja kuchunguza kama Kiswahili changu kimekaa sawa. Wana Bujumbura, wana Bukavu, wana Uvira, wana Lubumbashi mji wangu. Na kwa namna ya pekee kabisa mgeni wetu rasmi, gwiji, nguli, jabali, golikipa wa Muungano wa Kisovieti, Papa Karimu Dosanov, mkazi wa hapa hapa Evere: itifaki nimeizingatia mpaka imechoka. (Makofi. Papa Karimu anainuka nusu, anakaa tena.)

Kwa wale wachache wasionijua, mimi ni Kazadi Crispin, Rais wa Heshima na wa Utendaji wa Baraza Kuu la Uratibu wa Michezo ya Majini kwa Jamii za Maziwa Makuu, Kanda ya Brussels, Upande wa Kaskazini-Mashariki. Kiswahili hiki mnachokisikia nilikifanyia semina Arusha, na cheti ninacho, kwa hiyo mkisikia ngeli zinajipanga kama askari wa gwaride, msiogope.

Ndugu zangu, furaha yangu leo haipimiki, ingawa Baraza lilijaribu kuipima na kupata asilimia tisini na saba nukta nne. Ninafurahi kwa sababu mmetii mwaliko. Mwaliko ulisema waalikwa waje wamevaa nguo za kuogelea, nami nawaona mmekaa kwa mistari, kofia za mpira kichwani, taulo shingoni, kina maman wa Bujumbura na yale mavazi yao ya majini yanayofika mpaka kwenye vifundo vya miguu, na juu yake vitenge vya madukani Chaussée de Wavre, na Tonton Abeid kule nyuma amekwisha kuvaa miwani ya kuogelea, ambayo nadhani haimwoneshi kitu. (Tonton Abeid: «Naona ukungu tu!» Kicheko.) Huo ndio utayari wa kijamii. Huo ndio umiliki wa mradi kutoka ngazi ya chini kabisa.

(Maman Viviane, muuza samaki wa mtaa wa Matonge, kutoka mstari wa mbele: «Papa Kazadi, fupisha basi, tuko nasikia baridi! Na miye niko na swali. Huku tuko ku étage deuxième. Alors, ile piscine njo iko wapi?»)

Maman Viviane, bwawa liko wapi ni swali zuri, na jibu lake liko nyuma ya pazia hili la bluu, ambalo litafunguliwa kwa wakati wake kulingana na ratiba. Kuhusu ghorofa, dunia imesonga mbele. Kuna watu leo wanalima nyanya bila udongo. Tusiwe watu wa kushangaa maji kupanda ngazi. (Minong'ono.)

Sasa nianze na historia ya mgeni rasmi, maana bwawa lisilo na historia ni dimbwi.

Papa Karimu alizaliwa Alma-Ata, katika nchi ya Wakazakhi, mji wa milima na matufaha, ulio mbali na bahari kiasi kwamba samaki alifika huko akiwa amekwisha kusahau kuogelea. Baba yake aliendesha lori la matunda, mama yake alipika katika kantini ya kiwanda. Hawakuwa na ziwa kama Tanganyika letu wala Kivu letu. Walikuwa na mfereji wa kumwagilia mashamba, maji ya theluji iliyoyeyuka, baridi ya kung'oa meno, na siku moja mtoto Karimu akatumbukia humo akifukuza kofia yake iliyopeperushwa na upepo, akatokea upande wa pili akiwa nayo mkononi. Hivyo ndivyo rasilimali watu inavyojitambua.

Afisa michezo mmoja akaona kijana ana mikono mirefu kama ngazi, na baada ya tathmini ya kina, ya kisayansi na shirikishi, akamteua kuwa golikipa wa polo ya majini. Kwa wasiojua, polo ya majini ni mchezo wa kurushiana mpira ndani ya maji marefu, miguu haigusi chini tangu mwanzo hadi mwisho, na golikipa anatakiwa kuruka juu huku hana pa kukanyaga, jambo ambalo sisi katika utawala tunalifahamu vizuri. (Papa Karimu, kwa Kiswahili alichofundishwa na wanafunzi wake: «Hapana tathmini. Mimi najua kutupa hapana. Kocha anasema, wewe unatupa vibaya sana, wewe kaa kwenye goli.» Kicheko kirefu.) Mgeni rasmi ana unyenyekevu, na unyenyekevu wake tumeuingiza katika ripoti.

Alipofika umri wa kuota ndevu akahamishiwa Moscow, katika timu ya jeshi, na huko akapanda hadi kwenye cheo kikubwa cha Naibu Golikipa wa Taifa, cheo alichokishikilia kwa uaminifu miaka mingi. (Warda, kiongozi wa wanafunzi wa Papa Karimu: «Yaani alikaa kwenye benchi.») Dada Warda, katika utawala hatusemi benchi, tunasema akiba ya kimkakati. Aliwekwa akiba. Golikipa wa kwanza alikuwa bwana mmoja mwenye afya ya chuma ambaye miaka yote ile hakupata hata mafua, na Papa Karimu ndiye aliyekuwa akimpelekea chai baada ya mazoezi. Wiki iliyopita nilimtembelea nyumbani, tukazungumza, nikamwuliza kama mtu mzima kwa mtu mzima: kwa nini hukuweka kitu kidogo ndani ya ile chai? Akasema, «Alikuwa rafiki yangu.» Ndugu zangu, huo ni utawala bora. (Makofi ya kweli.)

Halafu ukaingia mwaka wa themanini na nne. Yule rafiki akavunjika kidole gumba akilazimisha dirisha lililogandishwa na barafu, na mwenyewe akaenda kwa kocha, mkono umefungwa bandeji, akamwambia: mpe Karimu. Hatimaye! Olimpiki ilikuwa Los Angeles kiangazi kile, na Papa Karimu alikuwa golikipa wa kwanza wa nchi kubwa kuliko zote. Mama yake kule Alma-Ata alipopata habari aliitangazia kantini nzima akiwa na mwiko mkononi, akaenda kununua kitambaa cheupe, akamshonea mwanawe shati la kusafiria.

Na hapa naomba utulivu, kwa kuwa tunafikia kilele cha mafanikio. Mwezi wa tano serikali yake, baada ya kushauriana na wadau wote isipokuwa waogeleaji, ikatangaza kwamba timu haziendi. Ulikuwa ugomvi wa wakubwa. Wamarekani walikuwa wamesusia michezo ya Moscow miaka minne nyuma, na sasa ilikuwa zamu ya upande wa pili kununa. Mimi kitaalamu jambo hili naliita ushiriki kwa njia ya kutoshiriki, na napenda kusisitiza, andikeni, kwamba katika Olimpiki ile Papa Karimu hakufungwa hata goli moja. Hata moja! Ni golikipa gani mwingine anaweza kusema hivyo? (Makofi machache, yanakatika. Warda anasimama: «Papa Kazadi, tafadhali, mwache aseme mwenyewe.»)

Ratiba hairuhusu, Dada Warda. (Sauti nyingi: «Aseme! Aseme!») Ratiba imeruhusu.

(Papa Karimu anachukua kipaza sauti. «Kocha yetu, mtu mkali. Viatu karibu na maji, hapana. Hata jenerali anakuja, anavua. Siku ile sisi tuko ndani ya maji, asubuhi, kocha anaingia na viatu. Anatembea mpaka mwisho wa bwawa, na viatu, maji inaingia ndani ya viatu, yeye hasikii. Hajasema kitu bado, lakini sisi tumeona. Halafu anasema, hatuendi. Anasema, tokeni, endeni nyumbani. Hakuna mtu anatoka. Mmoja anatupa mpira. Basi, tunacheza. Tunacheza mpaka mkono hapana kuinuka. Mimi siku ile nimefungwa magoli mengi sana. Mpira nilikuwa sioni vizuri.» Anamrudishia Rais kipaza sauti. Maman Viviane anavua kofia yake ya mpira.)

Asante. Asante sana, Papa Karimu. Hapa kwenye karatasi yangu pameandikwa «makofi». (Hakuna makofi.) Ndiyo. Pengine ni kosa la uchapaji. Tuendelee.

Olimpiki iliyofuata ilimkuta bega lake limekwisha. Kisha nchi yenyewe ikavunjwa, kama duka linalofungwa mchana huku wateja wamo ndani, na Papa Karimu akabaki raia wa mahali pasipokuwepo, hali ambayo watu wengi humu ndani hawahitaji kuelezwa na Rais yeyote. Akaja Brussels kufundisha klabu moja ndogo. Klabu ikafa, yeye akabaki. Akawa mwangalizi wa bwawa la mtaa, filimbi shingoni, akiwaambia watoto wasikimbie, na watoto wakikimbia. Kwa tathmini ya Baraza, katika kipindi chake chote cha utumishi watoto wasiokimbia walikuwa asilimia sifuri nukta mbili.

Ni katika bwawa hilo ndipo Baraza, kwa maono yake, lilipomkutanisha na Dada Warda, mzaliwa wa Buyenzi kule Bujumbura, mtunzaji wa wazee, ambaye... (Warda: «Baraza lilikuwa wapi? Baraza halikuwepo!») Baraza lilikuwepo kiroho. (Warda: «Ngoja nieleze mwenyewe, papa, usije ukaniongezea nukta. Mimi nilikuwa nampeleka binti yangu Yasmina kuogelea, na mwenyewe nakaa kwenye benchi la mbali kabisa, mgongo ukutani, mkoba kifuani. Tulipokimbia vita nilikuwa mdogo, tukavuka ziwa kwenda Kigoma, mtumbwi umejaa, maji yanaingia, mama amenishika kwa nywele. Toka siku ile nilikuwa naogopa hata beseni. Sasa huyu mzee nikasikia mwenzake anamwita Karim, nikamtolea salamu, akaitikia aleikum salaam kama mtu aliyeokota kitu alichokipoteza zamani. Akaja akakaa na mimi. Hakuniuliza kitu. Tukawa tunaongea kila Jumapili, habari za watoto, habari za chakula. Kumbe kila nikija, benchi amelisogeza mbele kidogo. Kidogo tu! Sikujua. Siku moja tunaongea, nacheka, natazama chini, miguu yangu imo ndani ya maji.» Vigelegele.)

Sawasawa kabisa, na hiyo ndiyo mbinu tunayoiita uhamasishaji wa mlengwa kwa awamu. (Warda: «Si mbinu, ni benchi!» Kicheko.) Baada ya Dada Warda wakaja wenzake, kina maman wa Bujumbura, kisha wa Kivu, na Papa Karimu akawafundisha siri kubwa ya golikipa, namna ya kupiga miguu duara ili usizame. Kwa Kirusi walikuwa hawaelewi, kwa Kifaransa chake walikuwa wanaelewa vibaya, mpaka Maman Viviane alipomwambia miguu hiyo inafanana na nini, na tangu hapo darasa zima likawa linasikika mpaka barabarani: (Kina maman wote kwa pamoja, wakipigapiga miguu sakafuni: «Songa bugali! Songa bugali! Usiache iungue!» Papa Karimu anapiga makofi kufuata mdundo. Tonton Abeid anaanguka kutoka kwenye kiti, anainuliwa.)

Utulivu, utulivu. Kisha, kama mjuavyo, lile bwawa likafungwa kwa matengenezo, na matengenezo yenyewe yanaendelea kutengenezwa. Darasa likatawanyika. Dada Warda aliniambia kwamba amerudia kuota mtumbwi. Papa Karimu alikuwa akionekana kwenye kituo cha basi na begi lake la kuogelea, hana pa kwenda, akisema anatembea tu. Ndipo nikainuka. Niliinuka, ndugu zangu, katika mkutano mkuu mliokuwepo wote, nikatamka kwa kinywa changu hiki kwamba Baraza litajenga Kituo cha Kimataifa cha Ubora wa Polo ya Majini cha Papa Karimu, chenye maji ya moto na ya vuguvugu, saa maalumu za kina maman, chumba cha wageni mashuhuri, jiko la samaki, na uwanja mdogo wa helikopta. Mkanibeba mabegani. Nilishuka siku ile nikiwa mtu mwingine.

Leo ninasimama hapa kuripoti utekelezaji. Upembuzi yakinifu umekamilika, na umebaini kwamba asilimia mia moja ya waogeleaji wanahitaji maji. Vizheni ipo. Misheni ipo. Mpango mkakati umefika hatua ya kuchapwa jalada. Kamati ndogo ya rangi ya vigae imekutana na kuahirishwa kwa mafanikio. Na kwa kuwa wahenga walisema haba na haba hujaza kibaba, sisi tumeanza na kibaba, haba zitafuata...

Maman Viviane, unakwenda wapi? Kaa, mama, ufunguzi uko mwisho wa ratiba. Maman Viviane, hiyo ni kamba ya itifaki, hairuhusiwi kuvutwa na mtu asiye na... Maman Viviane!

(Pazia linafunguka. Nyuma yake kuna ukuta, chuma cha kupashia joto, na karatasi kubwa iliyobandikwa, yenye mchoro wa penseli za rangi: bwawa la bluu, watu wenye mikono kama miti, jua lenye miale ya manjano, na bata watatu. Maman Viviane: «Eh Mungu! Papa Kazadi, njo hii?»)

Hiyo ni awamu ya kwanza. Msiitazame kwa karibu, itazameni kwa upeo. Michoro hiyo ya kihandisi imeandaliwa na mpwa wangu Élodie wa darasa la nne, kwa muda wake mwenyewe, na nadhani anastahili... (Zogo. Sauti: «Mwongo!» Sauti nyingine: «Tumevaa toka asubuhi!» Warda amekaa, amefunika uso kwa taulo.)

Ndugu zangu, mradi si maji tu. Mradi ni moyo. Mradi ni... Papa Karimu, tafadhali, kaa, mgeni rasmi hapaswi kusogea.

(Papa Karimu anakwenda hadi ukutani. Anavaa miwani ya kusomea, anautazama mchoro kwa muda. Mabega yanaanza kumtikisika. Watu wanadhani analia. Anageuka, anacheka mpaka anashika chuma cha kupashia joto. «Kwetu Soviet hii tulikuwa nayo mingi sana. Kila mji, mchoro. Lakini yetu haikuwa na bata!» Kicheko kinaanza mstari wa mbele na kufika nyuma. Warda anaondoa taulo usoni. Papa Karimu anafuta macho. «Bon. Jina langu mtaandika siku nyingine. Leo watu wamevaa. Mtaa wa Laeken kuna piscine, mimi nimeuliza asubuhi, iko wazi mpaka jioni. Warda, chukua watu wa mbele. Basi iko chini.»)

Uliuliza asubuhi? Yaani ulijua? (Papa Karimu: «Rais, mimi nimetoka Moscow. Bwawa ghorofa ya pili?»)

Ndugu zangu, msisimame, kuna kaulimbiu! Kaulimbiu tulizifanyia mazoezi! Maji! (Sauti, kutoka ngazini: «Wapi?») Maji! («Laeken!») Polo ya majini! («Songa bugali!») Baraza oyee! (Viti vinaburutwa.) Nimesema Baraza oyee! (Mlango.)

Basi niingie kwenye shukrani, ndugu mliobaki, yaani Tonton Abeid. (Tonton Abeid: «Mimi natafuta mlango, siuoni.») Vua miwani, tonton. Mkono wa kushoto. Haya, nenda salama. (Tonton Abeid anatoka.)

Kwa heshima na taadhima, na mbele ya viti hivi, namshukuru mkandarasi, ambaye hatujamtafuta. Namshukuru mhandisi, ambaye leo amekwenda kucheza kwa rafiki yake. Naishukuru halmashauri kwa kibali ambacho hatukuwahi kukiomba, na mwenye kiwanja, popote alipo, kwa kiwanja ambacho hatukuwahi kukiona. Namshukuru Mwakilishi wa Meya kwa kutokuja, maana hakualikwa, na angekuja ingekuwa vigumu kueleza. Na mwisho kabisa namshukuru mwenye ukumbi kwa kutuazima pazia hili la bluu, ambalo katika mradi wetu wote, tangu mlipoushangilia mpaka dakika hii, ndicho kitu pekee kilichowahi kuwepo. Ahsanteni kwa kunisikiliza.

(Papa Karimu amerudi mlangoni, begi begani. «Rais, unakuja?»)

Mimi? Papa Karimu, mimi ni mtu wa uratibu. Lazima abaki mtu wa kufunga hafla, kukusanya viti, kuandika muhtasari... (Papa Karimu: «Warda anasema uje. Viviane anasema hapana, lakini Warda amesema sana.») Dada Warda amesema? (Papa Karimu: «Umevaa?») Nimevaa, ndiyo, ndani ya suti, ili kuonesha mfano wa uongozi. Lakini elewa, kule Lubumbashi sisi tulikuwa watu wa migodi, shughuli zetu zilikuwa za nchi kavu. (Papa Karimu anaushikilia mlango.) Sawa. Nakuja. Niwekee hotuba kwenye begi, isilowe. Ila kabla hatujashuka, Papa Karimu, naomba kuuliza kwa niaba ya Baraza, kwa ajili ya kumbukumbu rasmi tu: maji yenyewe yana kina gani?